Mwami aliyeshika wakati mkononi

KATIKA filamu na michezo ya kompyuta inayowakesha vijana wetu hapa Bujumbura, yupo mhusika mmoja asiyechuja: mchawi wa wakati. Akiinua fimbo, saa zinasimama. Akitamka neno, jana inarudi, na adui aliyekuwa karibu kushinda anajikuta mtoto mchanga. Vijana wanampenda kwa sababu anafanya jambo ambalo hakuna tajiri wala mwanajeshi awezaye kulifanya.

Ndugu msomaji, mtu wa namna hiyo si lazima tumtafute katika nchi za kubuni. Burundi ilikuwa naye, tena kwa vizazi vingi. Hakusimamisha jua, lakini aliweza kuiambia nchi nzima kwamba msimu wa kupanda umefika au bado haujafika, na nchi ikatii. Kabla hajatoa ruhusa, hakuna aliyetakiwa kutia mbegu ya mtama ardhini. Mtu huyo ni Mwami.

Naandika habari hii kwa sababu sisi tuliorudi kutoka uhamishoni, pamoja na ndugu zetu wanaovuka mpaka kila wiki kutafuta riziki, ni watu ambao maisha yetu yameamuliwa mara nyingi na hesabu za wakati zilizofanywa na wengine. Ni vyema tukajua zamani ni nani aliyeishika hesabu hiyo, alidaiwa nini kwayo, na ilimtokaje mkononi.

Neno lililofungua msimu

Sherehe yenyewe iliitwa umuganuro. Ilifanyika kwenye makao ya Mwami karibu na mwezi wa Desemba, ambao kwa Kirundi huitwa Kigarama, wakati mvua zimeshakolea na udongo uko tayari kupokea mtama. Walikusanyika machifu, waaguzi, wapiga ngoma, na wale walioitwa abanyamabanga, yaani wenye siri. Hao kazi yao ilikuwa kutunza desturi za ufalme kwa kumbukumbu na kwa matendo, kwani hapakuwa na kitabu cha kuziandika. Mwami alionja chakula cha mtama, ngoma zikalia, na baada ya hapo ruhusa ya kupanda ikaenea kutoka mlima mmoja hadi mwingine.

Mtama haukuchaguliwa ovyo. Ndio uliotoa impeke, pombe ambayo bila hiyo hapakuwa na posa, upatanisho wala mgeni kupokelewa kwa heshima. Aliyeushika mtama alikuwa ameshika pia harusi na amani za watu.

Mtu atauliza, kwani mkulima mwenyewe hakuona mvua? Kwa nini asubiri neno la mtu mwingine? Jibu liko angani. Watu wa zamani walihesabu miezi kwa kuandama kwa mwezi. Miezi 12 ya namna hiyo ni siku 354 hivi, wakati jua na mvua hurudi mahali pake baada ya siku 365. Kila mwaka pana pengo la siku 11. Ndugu zetu Waislamu wa Buyenzi wanalijua vizuri jambo hili, kwa maana mfungo wa Ramadhani hurudi nyuma siku kama 11 kila mwaka, na mtu mzima wa miaka arobaini ameshafunga katika kiangazi na katika masika pia.

Kwa ibada hilo halina tatizo. Kwa mkulima ni hatari. Akiufuata mwezi bila kurekebisha, baada ya miaka mitatu hesabu yake itakuwa imeshaachana na mvua kwa zaidi ya siku 30, na mbegu itakwenda ardhini wakati si wake. Kwa hiyo lazima apatikane mtu wa kusema kwamba mwezi huu unaoonekana sio ule tunaoungoja, tusubiri. Jambo hilo likiachiwa kila kaya, kila mlima utakuwa na mwaka wake. Kwa Burundi, sauti iliyomaliza mjadala huo ilitoka kwa Mwami. Aliyepanda kabla yake hakuhesabiwa kuwa mtu mwenye bidii. Alikuwa kama mtu anayejitwalia mamlaka yasiyo yake.

Ngoma ndiyo utawala

Kwa Kirundi, neno ingoma lina maana mbili. Ni ngoma hii tunayoipiga, na pia ni utawala wa mfalme. Mzee akisema jambo fulani lilitokea "ku ngoma ya Mwezi", anakupa tarehe. Miaka haikuwa na namba. Ilikuwa na ngoma.

Ngoma kuu ya nchi iliitwa Karyenda, na ilitunzwa kwa heshima kubwa kiasi kwamba alikuwepo mwanamke aliyewekwa wakfu kwa ajili yake, aliyeitwa Mukakaryenda. Ngoma nyingine, Rukinzo, iliandamana na Mwami kila alikokwenda na kutoa mdundo wa maisha ya ikulu, ya kuamka na ya kulala. Pale Gishora, karibu na Gitega, wapiga ngoma bado wanaonyesha mahali panapohusishwa na ushindi wa Mwami Mwezi Gisabo dhidi ya chifu mmoja aliyeasi, Ntibirangwa. Ngoma za pale zinaitwa Ruciteme na Murimirwa. La kwanza maana yake ni ile ambayo kwa ajili yake watu hufyeka msitu, na la pili ni ile ambayo kwa ajili yake watu hulima. Majina hayo ni kalenda tosha: kwanza unafyeka, kisha unalima.

Mwaka 2014 shirika la UNESCO liliuweka mchezo wa ngoma ya kifalme ya Burundi katika orodha ya urithi wa dunia usioshikika. Leo watalii na maharusi hupigiwa ngoma hizo wakashangilia. Wengi wetu tuliozaliwa nje tulizifahamu kwanza kama burudani. Kumbe zamani, ngoma hizo zilipolia kwenye umuganuro, watu walishika majembe.

Maisha ya Mwezi Gisabo

Kati ya wafalme wote walioshika wakati wa Burundi, anayekumbukwa kuliko wengine ni Mwezi Gisabo. Alitawala tangu katikati ya karne ya 19 hadi alipofariki Agosti 1908, zaidi ya nusu karne. Mjukuu angeweza kuzaliwa, kuoa na kuzeeka bila kumjua mfalme mwingine.

Mapokeo yanasema kwamba Mwami wa Burundi huzaliwa akiwa ameshika mbegu mkononi. Ndiyo alama iliyomtenga na ndugu zake. Msomaji ana hiari ya kuiamini habari hiyo au kuiacha, ila azingatie kitu gani kilichaguliwa kuwa alama. Hakuzaliwa na mkuki wala na taji. Alizaliwa na kitu kinachongoja wakati wake.

Mwezi alipata ufalme akiwa bado mtoto, na kaka yake mkubwa, Ndivyariye, alishika madaraka kwa niaba yake. Alipokua ilimbidi ampokonye kaka huyo madaraka kwa nguvu, maana hayakutolewa kwa hiari. Baadaye upande wa ziwa walikuja wafanyabiashara wa watumwa waliokuwa na makao Ujiji, wakiongozwa na Mohamed bin Khalfan aliyejulikana kwa jina la Rumaliza. Walijaribu kuingia kupitia Uzige, yaani ukanda huu ambao leo ndio Bujumbura. Jeshi la Mwezi liliwazuia, na Burundi haikugeuzwa uwanja wa kukamatia watumwa kama zilivyogeuzwa nchi nyingine za jirani.

Lakini mwaka baada ya mwaka, mambo yaliyomzidi nguvu yalianza kuja. Mwanzoni mwa miaka ya 1890 sotoka ilipita ikafyeka ng'ombe. Zikafuata ndui, funza wa miguuni, ukame na njaa. Hapo ndipo tunapoona upande wa pili wa kazi ya mshika wakati. Yule anayesema "sasa pandeni" ndiye huyo huyo anayeulizwa mbegu zisipoota. Mfalme ambaye mvua imemkataa alipungukiwa na heshima, na walijitokeza watu waliodai nchi dhidi yake. Kilima alimsumbua kaskazini, na Maconco, aliyekuwa mkwe wake, akaungana na Wajerumani.

Wajerumani walikuwa wamejenga kituo chao cha kijeshi Usumbura, hapa mjini, mwaka 1897. Mwezi aliwakwepa na kuwapinga kwa miaka sita. Tarehe 6 Juni 1903, huko Kiganda, alilazimika kukubali mkataba na kutozwa ng'ombe 424. Angalia vizuri tarehe hiyo, msomaji. Matukio ya utawala wake kabla ya hapo tunayataja kwa kukisia, kwa sababu yalipimwa kwa ngoma. Hili tunalijua mpaka siku yake, kwa sababu liliandikwa na aliyeshinda. Tangu Kiganda, wakati wa Burundi ulianza kuandikwa kwa kalamu ya watu wengine.

Gurudumu la majina manne

Mwezi hakuwa na jina la bahati nasibu. Wafalme wa Burundi walipokezana majina manne kwa zamu: Ntare, Mwezi, Mutaga na Mwambutsa. Akimaliza Mwambutsa, anarudi Ntare, na gurudumu linaanza upya. Mrundi akiyasikia majina hayo husikia maneno ndani yake: intare ni simba, ukwezi ni mwezi wa angani, umutaga ni mchana, na kwambutsa ni kuvusha watu upande wa pili. Ndugu wafanyabiashara wa mpakani, mfalme wa nne alikuwa na jina la kazi yenu.

Ni uchawi wa wakati wa aina yake. Sisi shuleni tulifundishwa kwamba historia ni mstari unaokwenda mbele. Kwa ikulu ya Burundi historia ilikuwa duara, na kila mfalme aliingia katika nafasi iliyokuwa inamngoja. Duara hilo limewasumbua hata wasomi. Wapo waliohesabu mizunguko minne kamili wakamwita Gisabo Mwezi wa Nne. Wapo wengine, baada ya kuwahoji wazee na kuchunguza mapokeo, walioona kwamba mizunguko ilikuwa miwili tu, kwa hiyo yeye ni wa Pili. Tofauti ya hesabu hizo mbili ni ya karne nzima na zaidi. Duara halina namba mlangoni.

Baada ya Mwezi Gisabo alikuja Mutaga Mbikije, aliyetawala 1908 hadi 1915. Kisha Mwambutsa Bangiricenge, aliyetawazwa akiwa mtoto mdogo na kukaa hadi 1966. Septemba 1 mwaka huo mwanawe, Charles Ndizeye, akatawazwa kwa jina ambalo zamu ilimpa: Ntare. Gurudumu lilikuwa limerudi mwanzo.

Lilizunguka kwa chini ya miezi mitatu tu. Tarehe 28 Novemba 1966 Kapteni Michel Micombero alitangaza jamhuri wakati mfalme huyo kijana akiwa safarini Kinshasa. Mwaka 1972 Ntare alirejea nchini kupitia Uganda akiwa amehakikishiwa usalama wake, akawekwa kizuizini Gitega, na kuuawa usiku wa tarehe 29 Aprili. Siku hiyo hiyo yalianza mapigano upande wa kusini na, baada yake, mauaji yaliyowakimbiza wazazi wetu kuvuka kuingia Tanzania. Kwa hiyo duara la wafalme lilipovunjika, na sisi tulitupwa nje pamoja na vipande vyake.

Kalenda yahamia ofisini

Turudi nyuma kidogo, kwa maana wakati ulikuwa umeshamtoka Mwami kabla ufalme haujafutwa. Wabelgiji walipochukua nchi kutoka kwa Wajerumani, walimkuta Mwambutsa mtoto. Wamisionari waliuona umuganuro kuwa ibada ya kipagani, na watawala waliuona kuwa mkusanyiko usio na faida kwao. Umuganuro wa mwisho ikulu ulifanyika mwaka 1929. Mwambutsa alikuwa kijana wa miaka kama 17.

Baada ya hapo ilikuja kalenda nyingine. Jumapili ikawa na kengele yake. Kodi ikawa na mwezi wake. Na miaka ya mwanzo ya 1930 kila mwenye kaya akalazimishwa kupanda na kutunza mikahawa, kwa ratiba iliyopangwa na ofisi. Mkulima aliyekuwa akingoja neno la Mwami sasa alingoja karani.

Haikupita bila manung'uniko. Mwaka 1934, upande wa kaskazini katika eneo la Ndora, mwanamke aliyeitwa Inamujandi aliongoza uasi dhidi ya machifu na utawala wa Kibelgiji. Wafuasi wake walimwona kuwa mwenye nguvu za kiroho, na walingoja kuja kwa mfalme mpya. Uasi ulizimwa kwa mabavu. Lakini ni vyema tujue kwamba miaka mitano tu baada ya umuganuro wa mwisho, watu wa milimani walikuwa tayari kumfuata mtu aliyeahidi kwamba wakati wao utarudi.

Jana na kesho katika neno moja

Mimi nilizaliwa Mishamo mwaka 1981, katika moja ya makazi matatu yaliyotengwa kwa wakimbizi wa 1972. Mengine ni Katumba na Ulyankulu. Nilisoma kwa Kiswahili tangu darasa la kwanza. Nyumbani tulisema Kirundi, na katika Kirundi lipo neno ambalo mwalimu wa Kiswahili hawezi kulikwepa: ejo. Neno hilo ni jana, na neno hilo hilo ni kesho. Kinacholitenganisha ni kitenzi, au ukipenda unaongeza: ejo hahise, ile iliyopita, na ejo hazoza, ile itakayokuja.

Hapa Bujumbura, ambako nafundisha tangu niliporudi, mwanafunzi aliwahi kuniandikia: "Jana nitakwenda sokoni na mama." Darasa zima lilicheka. Nami nilimwambia kwamba Kirundi chake ni kizuri, ila Kiswahili kinamtaka achague upande. Wafanyabiashara wanalijua tatizo hili kwa uchungu zaidi. Mama mmoja anayeuza mawese ya Rumonge upande wa Kigoma aliniambia, "Mwalimu, mteja akiniambia ejo, namuuliza ejo ipi. Maana nina wadeni wanaonilipa ile ejo iliyopita." Sasa anaandika tarehe kwenye daftari, na mdeni anaweka dole gumba.

Makambini wazee wetu waliishi katika ejo hiyo yenye pande mbili. Ukimuuliza mama yangu mtu fulani alizaliwa lini, alijibu kabla ya kukimbia au baada ya kukimbia. Na alipozungumzia kurudi, alitumia neno lile lile alilotumia kwa nyumba aliyoiacha.

Saa moja inayopotea Manyovu

Kwa anayevuka mpaka, mshika wakati anaonekana kwa macho. Burundi inafuata saa zinazotangulia zile za Greenwich kwa saa mbili, sawa na Uvira ng'ambo ya mpaka wa Kongo. Tanzania iko mbele kwa saa moja zaidi. Ukitoka Mugina saa tatu asubuhi na kuingia Manyovu, hata kama umetembea dakika tano, umefika saa nne. Ndivyo ilivyo pia kati ya Kobero na Kabanga. Aliyezoea njia anajua kuondoka mapema ili ofisi za upande wa pili zisimfungie mlango, na wakati wa kurudi anajua amezawadiwa saa nzima.

Jua lenyewe halina habari na mpaka huo. Bujumbura na Kigoma ziko karibu kabisa katika mstari mmoja wa kaskazini na kusini, kandokando ya ziwa moja. Jua huchomoza miji yote miwili karibu kwa wakati mmoja. Hapa Bujumbura huchomoza karibu na saa kumi na mbili asubuhi, na Kigoma karibu na saa moja. Sababu ni kwamba saa ya Kigoma imepangwa kufuata Dar es Salaam, zaidi ya kilomita 1,000 mashariki. Huko pwani jua linalingana na saa ya ukutani, Kigoma linachelewa.

Ongeza na lugha. Kirundi na Kiswahili huanza kuhesabu saa jua linapochomoza, kwa hiyo isaha zibiri za asubuhi ni saa mbili. Karatasi ya ofisi iliyoandikwa kwa Kifaransa itasema saa 8. Katika safari moja ya kwenda Manyovu mtu anaweza kuambiwa saa tatu, saa nne na saa 9, na wote waliomwambia wakawa wamesema kweli. Hakuna uchawi hapo. Kila mmoja anafuata mshika wakati wake.

Miaka thelathini

Wakati uliotuumiza zaidi sisi tuliorudi, hata hivyo, hautundikwi ukutani. Uko katika sheria. Sheria ya ardhi ya mwaka 1986 ilisema kwamba mtu aliyekaa juu ya ardhi kwa miaka 30 bila kubughudhiwa anaweza kuhesabiwa kuwa mwenye ardhi hiyo, na kwa aliyeipata kwa nia njema, miaka 15 ilitosha. Kanuni kama hiyo ipo katika nchi nyingi, na ina busara yake. Haifai watu wagombane milele. Lakini ihesabu kuanzia 1972. Miaka 30 ilitimia 2002, wakati wengi wetu tulikuwa bado Mishamo, Katumba na Ulyankulu.

Mkataba wa amani uliosainiwa Arusha tarehe 28 Agosti 2000 ulisema wakimbizi warudishiwe mali zao, na pale isipowezekana wafidiwe. Mwaka 2006 iliundwa tume ya taifa ya ardhi na mali nyingine ili kupatanisha watu. Kazi yake ilimalizika 2022. Katikati ya hapo, kuanzia 2008, watu wapatao 50,000 kutoka makazi yale matatu walirejea Burundi, huku zaidi ya 160,000 waliobaki wakipewa uraia wa Tanzania. Nilirudi mwaka huo 2008, pamoja na mama. Baba alibaki kaburini Mishamo.

Kiwanja chetu kilikuwa upande wa Rumonge, chenye michikichi. Tulimkuta mtu. Hakuwa mwizi. Alikuwa ameletwa pale na wakubwa wa enzi hizo, amelima, amezaa, amezika mtoto wake chini ya mchikichi ambao babu yangu aliupanda. Yeye alikuwa na karatasi. Mama alikuwa na kijito, jiwe la mpaka, na majina ya majirani wawili waliokuwa bado hai.

Siku ya kusikilizwa, yule mzee alisema amelima kwa miaka zaidi ya 30 na sheria inamjua. Mama aliomba ruhusa ya kusema. Akamwambia kwa adabu, "Mzee wangu, wewe umehesabu miaka uliyolima. Mimi nimehesabu miaka niliyokuwa sipo. Ni miaka ile ile." Kikao kilinyamaza. Mwisho wake tuligawana ardhi nusu kwa nusu, kama walivyofanya wengi. Hakuna aliyefurahi, na hakuna aliyekufa. Leo watoto wake na wa dada yangu wanakwenda shule moja.

Nimelifikiria neno la mama mara nyingi. Miaka ile ile, kwa mtu mmoja imejenga haki, kwa mwingine imeibomoa. Filamu za vijana wetu hazijapata kuonyesha mchawi mwenye nguvu kama hiyo. Na ajabu yake ni kwamba huyu haonekani. Hana fimbo, hana ngoma, hana uso wa kuutazama. Ni mstari mmoja katika kitabu cha sheria, uliotungwa wakati sisi hatupo.

Anayeulizwa

Sisemi tumrudishe Mwami. Utawala wake ulikuwa na dhuluma zake, na watu wa chini walizibeba. Wala sidai kwamba mtama ungeota vizuri zaidi kwa sababu ya ngoma. Lakini katika mpango ule wa zamani kulikuwa na jambo moja la haki: mshika wakati alijulikana. Neno lilitoka kinywani mwa mtu mwenye jina, mbele ya umati, na mavuno yakiharibika umati huo ulijua wa kumuuliza. Mwezi Gisabo aliulizwa, tena kwa ukali, katika miaka ya njaa na sotoka.

Leo wakati wetu umegawanyika mikononi mwa wengi. Saa iko Dar es Salaam, muhula wa kibali uko mpakani, miaka ya ardhi iko mahakamani, na msimu wa mvua wenyewe hautabiriki kama zamani. Ni wachache kati ya hao wanaosimama hadharani kusema: hesabu hii nimeipanga mimi, niulizeni.

Kwa hiyo mfanyabiashara aandike tarehe ya kila deni kwa namba, aache kuridhika na ejo. Aliyerudi aketi na wazee kabla hawajaondoka, awaulize ni mwaka gani, ni mlima gani, ni kijito gani, nani alikuwa jirani, kisha aandike na kuweka nakala mahali salama. Na aliye na mgogoro asingoje miaka iongezeke, kwa maana kila mwaka unaopita unahesabiwa kwa faida ya mtu fulani. Mama yangu hakujua kusoma. Lakini alikuja kikaoni akiwa na hesabu yake mwenyewe, na ndiyo iliyotupatia nusu.